Kipande Kilivyoaminiwa Kuliko Mwenyewe

Mkenya akitaka kurekebishiwa kosa kwenye kitambulisho au cheti cha kuzaliwa, mzigo wa ushahidi humwangukia yeye, hata kama aliyekosea ni karani. Wengi hulaumu uzembe wa maofisini, lakini chanzo ni cha zamani zaidi. Sheria ya kikoloni ya mwaka 1915 ya kuwaandikisha wenyeji, iliyoanza kutekelezwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza, iliwalazimu wanaume Waafrika kutoa alama za vidole na kutembea na kipande, yaani hati ya uandikishaji, ndani ya kikebe kilichoning'inia shingoni. Kwenye kipande hicho mwajiri aliandika siku ya kumwajiri kibarua, mshahara wake na siku ya kumwachilia. Asipotia sahihi ya kumwachilia, kwa kusahau au kwa chuki, kibarua alihesabiwa mtoro, na utoro ulikuwa jinai. Kujitetea kwa mdomo hakukumfaa kitu. Mwanaharakati Harry Thuku na wenzake walikipinga kipande mwaka 1921. Mwaka uliofuata Thuku alikamatwa, na waliokusanyika Nairobi kudai aachiliwe wakapigwa risasi. Mwaka 1947 uandikishaji ulipanuliwa kwa watu wa rangi zote, ila mazoea ya kuamini karatasi kwanza yalibaki.

Uhuru haukuyang'oa mazoea hayo. Huko Garissa, familia za Wakenya Wasomali zilizobanwa na ukame ziliandikishwa kwenye kambi za wakimbizi za Dadaab ili zipate chakula. Watoto wao walipofika miaka 18 na kuomba kitambulisho, alama za vidole zilionyesha kwamba ni wakimbizi. Alama zenyewe zilikuwa zao kweli. Kosa ni kuzifanya hukumu ya uraia. Sheria ya vizazi na vifo nayo, kifungu cha 12, ilimzuia mama asiyeolewa kuandikisha jina la baba bila baba huyo kuungana naye katika ombi, mpaka Mahakama Kuu, kupitia Jaji Mumbi Ngugi, ilipokitangaza kuwa kinyume cha Katiba mwaka 2016.

Atakayepinga atasema kulegeza masahihisho ni kuwafungulia mlango wadanganyifu: mchezaji anayejipunguzia umri, mtumishi wa umma anayekwepa kustaafu. Hofu hiyo ina msingi, lakini dawa yake ni kuacha ingizo la zamani lisomeke, na kuandika jipya kando yake pamoja na tarehe na sababu. Kwamba hati inaweza kurekebishwa, mahakama zimekwisha kuonyesha: mwaka 2014 Mahakama Kuu ililiagiza Baraza la Mitihani kumpa Audrey Mbugua, mwanamke aliyebadili jinsia, cheti cha mtihani chenye jina lake jipya bila alama ya jinsia, kwa kuwa kanuni hazikuilazimisha alama hiyo. Ibara ya 35(2) ya Katiba ya 2010 inampa kila mtu haki ya kusahihishiwa au kufutiwa taarifa potofu zinazomwathiri. Haisemi gharama ni ya nani. Kwa maoni yangu, kosa likiwa la msajili, nauli, ada na hati ya kiapo zilipwe na msajili.