Soko na Wageni Wake: Kutoka Tlatelolco hadi La Merced

Katika miji mikubwa ya Meksiko, mgeni anayetaka kujua vyakula vya wenyeji hupelekwa sokoni na mwongozaji ambaye humpitisha kizimba baada ya kizimba, akimwonjesha matunda, jibini, panzi wa kukaanga na mchuzi mzito wa pilipili uitwao mole, huku akimtajia jina na asili ya kila kitu. Biashara hii ya matembezi ya kuonja imeenea katika miongo ya karibuni, na kwa hiyo huhesabiwa kuwa zao la utalii wa kisasa; hata hivyo, desturi ya mgeni kuongozwa sokoni na mwenyeji ina umri sawa na maandishi ya kwanza ya Wahispania kuhusu nchi hiyo. Mnamo Novemba 1519, siku chache tu baada ya Hernán Cortés na askari wake kuingia Tenochtitlan, mji mkuu wa Wamexica ambao vitabu vingi huwaita Waazteki, mtawala Moctezuma aliwapa machifu wa kuwasindikiza hadi soko kuu la Tlatelolco. Wageni wale, kama wa leo, walishughulika zaidi na kuhesabu bidhaa. Mambo yaliyolifanya soko liwe soko, yaani mamlaka iliyolisimamia, maji yaliyoleta shehena na migongo iliyoibeba, waliyataja kwa maneno machache au waliyapita kabisa.

Tlatelolco ulikuwa mji pacha wa Tenochtitlan katika kisiwa kimoja cha Ziwa Texcoco, ulioanzishwa katika karne ya 14 na kundi la Wamexica waliojitenga na wenzao, kisha ukatekwa na mfalme Axayacatl wa Tenochtitlan mwaka 1473. Washindi hawakulivunja soko la walioshindwa, bali walilifanya kuwa kitovu cha biashara ya himaya yao. Katika barua aliyomwandikia mfalme wa Hispania mwaka 1520, Cortés alidai kwamba watu 60,000 walikutana hapo kila siku kununua na kuuza, na kwamba uwanja wake ulikuwa mkubwa mara mbili ya ule wa mji wa Salamanca. Hesabu hiyo yafaa ipokewe kwa tahadhari, kwa kuwa mwandishi alikuwa amemwasi gavana wa Kuba na alikuwa na kila sababu ya kumwonyesha mfalme kwamba uasi wake ulileta faida. Mpangilio wa soko, kwa upande mwingine, hauna shaka, kwani maelezo yake yanakubaliana na ya askari wake Bernal Díaz del Castillo, aliyeandika miongo kadhaa baadaye: kila aina ya bidhaa ilikuwa na njia yake, wauza mahindi hawakuchanganyika na wauza vyungu, na bata mzinga, samaki wa ziwani, chumvi, asali, maharage, nyanya, pilipili na vyakula vilivyokwisha kupikwa vilipangwa kila kimoja mahali pake. Vilikuwapo pia vikate vilivyotengenezwa kwa utando wa kijani uliokusanywa juu ya maji ya ziwa, ambavyo Díaz alivilinganisha na jibini. Jambo moja lililomshangaza Cortés ni kwamba kila kitu kiliuzwa kwa idadi na kwa vipimo vya ujazo, wala hakuona kitu kilichopimwa kwa mizani. Kwa maneno ya wachuuzi wa mwambao wa Afrika Mashariki, soko zima lilikwenda kwa mafungu na vibaba.

Malipo yalifanywa kwa kubadilishana bidhaa, kwa vitambaa vya pamba, na kwa matumizi madogomadogo, kwa mbegu za kakao, ambazo ziliendelea kuwa chenji hata baada ya utawala wa asili kuanguka. Orodha ya bei iliyoandikwa kwa lugha ya Kinahuatl mjini Tlaxcala mwaka 1545 inaonyesha jinsi sarafu hiyo ya kuota mtini ilivyotumika: bata mzinga jike alikuwa na thamani ya mbegu 100 zilizojaa vizuri au 120 zilizosinyaa, parachichi lililochumwa karibuni mbegu tatu, lililoiva kabisa mbegu moja, na tamali, yaani donge la unga wa mahindi lililopikwa kwa mvuke ndani ya ganda la muhindi, mbegu moja vilevile. Tofauti kati ya mbegu iliyojaa na iliyosinyaa inadhihirisha kwamba fedha yenyewe ilikaguliwa kwa jicho na kwa kidole, na palipo na ukaguzi hapakosi ulaghai. Padri Bernardino de Sahagún, ambaye pamoja na wasomi wa Kinahuatl waliosomeshwa katika chuo cha Tlatelolco alikusanya maarifa ya wenyeji katika kazi ya vitabu 12 iliyokamilika miaka ya 1570, aliandika sifa za mwuzaji mwema na mwuzaji mwovu wa kila bidhaa. Mwuza kakao mwovu, kwa maelezo ya wenyeji hao, aliunda mbegu bandia kwa kinyunya cha mbegu za mchicha, kwa nta na kwa vipande vya kokwa la parachichi, kisha akazichanganya na mbegu halali. Ukurasa huo, ambao mwandishi wake hakuwa akimpendeza mfalme yeyote, unaeleza maisha ya soko kuliko barua nzima ya Cortés.

Dhidi ya watu wa namna hiyo palikuwa na mamlaka. Cortés alitaja nyumba iliyokuwa uwanjani hapo ambamo mahakimu kumi au kumi na wawili waliketi kuamua kesi za sokoni, pamoja na wakaguzi waliozunguka miongoni mwa watu na kuvunja vipimo vya uongo. Wenye jukumu hilo walitoka katika tabaka la pochteca, wafanyabiashara wa masafa marefu waliokuwa na mitaa yao, mungu wao na mahakama zao, na ambao misafara yao ilitegemea wapagazi kwa sababu nchi haikuwa na punda, farasi wala ng'ombe. Nje ya mji mkuu, masoko mengi yalikaa kwa zamu, mara nyingi kila siku ya tano, ili mchuuzi mmoja aweze kuzunguka vijiji kadhaa. Soko la namna hiyo liliitwa tianquiztli, na masoko ya wazi yanayohama kutoka mtaa hadi mtaa huitwa tianguis hadi leo. Mboga na maua ya mji vilitoka katika chinampa, mashamba yaliyoinuliwa kwa tope na majani ndani ya maji ya kina kifupi, na vilifika sokoni kwa mitumbwi.

Tenochtitlan na Tlatelolco zilianguka tarehe 13 Agosti 1521, na mapambano ya mwisho yalipiganwa Tlatelolco kwenyewe, soko likiwa ndani ya uwanja wa vita. Ukoloni ulileta nguruwe, ngano, vitunguu, mchele, sukari na maziwa, na kwa hiyo vyakula vingi ambavyo mwongozaji wa leo huvitaja kuwa vya asili, kama nyama ya nguruwe iliyopikwa katika mafuta yake na jibini la nyuzi la Oaxaca, ni wageni waliozoea. Biashara ilihamia polepole katika uwanja mkuu wa mji mpya, Jiji la Meksiko, uliojengwa mahali pa Tenochtitlan, mbele ya kasri la mwakilishi wa mfalme, na ukaribu huo wa soko na dola ulionyesha hatari yake tarehe 8 Juni 1692, pale ghasia zilizoanzia miongoni mwa wanawake waliokuwa wakigombania mahindi machache katika ghala la umma ziliishia kwa kuchomwa moto kwa kasri na mabanda ya soko. Serikali ilijibu kwa kujenga. Jengo la maduka lililoitwa Parián, kwa kufuata jina la soko la Manila ambako hariri na vyombo vya China vilitoka kwa merikebu za Pasifiki, lilikamilika mwaka 1703 na kubomolewa mwaka 1843. Nalo soko la vyakula lilisukumwa mwanzoni mwa miaka ya 1790 hadi uwanja jirani wa El Volador, ambapo leo pamesimama Mahakama Kuu ya nchi.

La Merced, ambalo sasa ni miongoni mwa masoko yanayotembelewa zaidi na waonjaji, lilizaliwa kutokana na sheria zilizolinyang'anya Kanisa mali zake katikati ya karne ya 19. Sehemu kubwa ya monasteri ya Mapadri wa Mersedi ilibomolewa, na uwanja uliopatikana, kwa kuwa ulikuwa karibu na mfereji wa La Viga ulioleta mitumbwi kutoka Xochimilco na Chalco, ukageuka kuwa soko ambalo jengo lake lilifunguliwa mwaka 1880. Mfereji ulipofukiwa katika karne ya 20, malori yalishika nafasi ya mitumbwi, lakini shehena ziliendelea kufika palepale. Jengo la sasa, lenye paa la mawimbi ya zege lililosanifiwa na Enrique del Moral, lilifunguliwa mwaka 1957 chini ya Ernesto Uruchurtu, mtawala wa jiji kuanzia 1952 hadi 1966, ambaye alijenga masoko zaidi ya mia moja yenye mabomba ya maji, vyoo na vizimba vyenye nambari, huku akiwafukuza barabarani wachuuzi waliokosa nafasi ndani yake. Ukarimu na ukali wa sera hiyo haviwezi kutenganishwa, maana vilitoka katika nia ileile ya kulifanya jiji lionekane nadhifu.

Pigo kubwa lilikuja mwaka 1982, wakati wafanyabiashara wa jumla walipohamishiwa Central de Abasto, kituo kipya cha hekta zaidi ya 300 katika eneo la Iztapalapa. La Merced lilibaki na rejareja, na ni hapa ambapo historia ya soko inakutana na historia ya utalii: jiji halikulitegemea tena kwa chakula chake chote, matajiri walikwisha kuhamia maduka makubwa ya kujihudumia, na mahali palipokuwa pa lazima pakaanza kutazamwa kama pa kuvutia. Kwa muda wa zaidi ya karne nne hakuna mkazi aliyehitaji kuelekezwa soko ni nini. Mwongozaji alihitajika pale tu watu wa tabaka la kati walipoacha kwenda wenyewe.

Mahali ambapo matembezi hayo yana mafunzo mengi kuliko yote ni pale yasipopendeza macho, kwenye mashine ya kusaga nixtamal, yaani mahindi yaliyochemshwa na chokaa, yakalazwa usiku kucha katika maji yake na kuoshwa asubuhi hadi ganda likabanduka. Punje zinazotoka humo ni laini, za manjano iliyokolea, zenye harufu inayokumbusha udongo uliolowa, na unga wake mbichi hushikana bila kuhitaji gundi ya ngano, ndiyo maana huweza kubanwa kuwa chapati nyembamba na kuokwa juu ya kaango bapa. Chokaa hiyo hufanya kazi nyingine isiyoonekana: huifungua niasini, yaani vitamini B3, ambayo katika mahindi ya kawaida mwili hauwezi kuitumia vizuri. Mahindi yalipovuka Atlantiki na kusambaa Ulaya na Afrika, mbegu zilisafiri bila maarifa hayo, na pelagra, maradhi ya ngozi, tumbo na akili yanayotokana na upungufu wa vitamini hiyo, yakawaandama maskini wa Hispania na Italia ya kaskazini walioishi kwa mahindi matupu; hata mwaka 1990 yaliwakumba wakimbizi wa Msumbiji nchini Malawi, mgawo wao wa mahindi ulipokosa karanga. Wanawake wa Meksiko, waliopiga magoti saa nyingi kila siku mbele ya jiwe la kusagia mpaka mashine zilipoenea katika karne ya 20, walikuwa wameutatua mkasa huo kabla haujapewa jina.

Wasomi wa nchi yao hawakuliona hivyo. Mwaka 1899 mwandishi na mwanasiasa Francisco Bulnes alidai katika kitabu chake kwamba wanadamu wamegawanyika katika watu wa ngano, watu wa mpunga na watu wa mahindi, na kwamba unyonge wa hao wa mwisho ulitokana na chakula chao. Mawazo ya namna hii yaliendelea kuathiri sera za lishe baada ya Mapinduzi ya 1910, na mabadiliko ya mtazamo yalichukua muda mrefu, yakisaidiwa na wasanii, wanaanthropolojia na wapishi, akiwemo Mwingereza Diana Kennedy, aliyefika Meksiko mwaka 1957 na kuzunguka masoko ya mikoani akinakili maarifa ya wapishi wasio na jina vitabuni. Kilele chake rasmi kilifikiwa kwenye ardhi ya Afrika Mashariki: katika kikao kilichofanyika Nairobi mnamo Novemba 2010, kamati ya UNESCO iliingiza mapishi ya jadi ya Meksiko katika orodha ya urithi wa utamaduni usioshikika, katika kikao kilekile kilichoingiza mlo wa karamu wa Wafaransa. Tangu hapo panzi, kuvu jeusi la mahindi na mabuu ya sisimizi, ambavyo mla senene wa Bukoba asingevistaajabia, vimepanda hadhi na bei.

Hadhi hiyo haijageuza bado msingi wa kisheria wa soko. Kanuni za masoko za jiji zilizotolewa mwaka 1951 zinalihesabu soko kuwa huduma ya umma, na mwuzaji ana hati ya kutumia kizimba, wala si mmiliki wake, hata kama mama na bibi yake waliuza mahali hapohapo. Baada ya moto uliounguza sehemu kubwa ya La Merced mnamo Februari 2013, mipango ya ukarabati iliibua hofu ya zamani miongoni mwa wachuuzi kwamba jengo litatengenezwa kwa ajili ya watu wengine, na moto mwingine wa Desemba 2019 haukuituliza. Kundi la waonjaji huleta fedha kwenye vizimba vichache vilivyochaguliwa na mwongozaji, lakini katika njia nyembamba lilimosimama ndimo wanamopita mahamali wenye vitoroli vya magurudumu mawili, warithi wa wapagazi wa pochteca, wakipaza sauti wapishwe. Na kwa kuwa hulipwa kwa kila mzigo wanaoufikisha, muda wanaosimama kungoja wageni wamalize kuonja hukatwa katika ujira wao.