Firigisi Isiyo na Mwenyewe: Kuku wa Kujazwa katika Sikukuu za Kilakala

Ukungu ulikuwa bado umeilalia milima ya Uluguru wakati mwenyeji wangu wa Kilakala, mjini Morogoro, alipoishika firigisi ya kwanza. Aliipasua kwa ncha ya kisu, akauchubua ule utando wa njano wa ndani, akaisuuza mara mbili. Nilitarajia aiweke kando, kama nilivyozoea kuona tangu utotoni. Badala yake akaikatakata vipande vidogo kama punje za mahindi, akavimimina kwenye kikaango chenye vitunguu. Ilikuwa asubuhi ya Krismasi. Kwenye beseni walilala kuku wawili wadogo waliokwisha kunyonyolewa na kubabuliwa, na waliotarajiwa kula walikuwa kumi na mmoja.

“Leo haina mwenyewe,” alisema bila kuinua macho.

Mtu asiyejua adabu za kuku nyumbani kwetu atadhani ni neno la kawaida. Firigisi ina mwenyewe siku zote. Ndiyo maana kuku wa kujazwa, anayeonekana leo kwenye meza za sikukuu mjini Morogoro, anastahili kuandikiwa historia yake. Chakula hiki kimefika hapa kwa njia ndefu, na kilipofika kilibadili kidogo namna watu wanavyogawana.

Ndege mdogo wa mteremkoni

Tuanze na ndege mwenyewe. Kuku, pamoja na kuzoeleka kwake, si mwenyeji wa Afrika. Wahenga wake ni kuku wa porini wa Asia ya kusini-mashariki, na alitufikia baada ya safari ndefu za watu na vyombo. Mifupa yake imefukuliwa Unguja Ukuu, mji wa biashara uliositawi kuanzia karne ya 7. Wenyeji halisi ni kanga na kwale, ambao hadi leo hutegwa mashambani. Hata hivyo kuku alikubali kukaa na watu, akalala jikoni, akataga chini ya uvungu, na baada ya karne chache hakuna aliyemkumbuka kuwa mgeni.

Katika mkoa wa Morogoro alijipatia umbo lake. Watafiti wa Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo, kilichopata hadhi ya chuo kikuu mwaka 1984, wamewachambua kuku wa kienyeji wa Tanzania kwa aina zao. Wapo Kuchi, warefu wenye kifua cha kibabe, ambao jogoo wao aliyekomaa huweza kupita kilo mbili na nusu. Wapo pia Ching'wekwe, vijeba wa huku kwetu, ambao jogoo wao hubaki chini ya kilo mbili. Kwa mfugaji asiye na gunia la pumba, udogo huo una faida. Ndege mdogo hula kidogo, na kile anachokipekua mwenyewe kwenye majani na mabaki ya jikoni humtosha.

Wingi wa kuku nao una historia yake, na mwandishi wa historia hiyo ni mdondo. Ugonjwa huu, ambao wengine huuita kideri, mara nyingi hupamba moto katika miezi ya kiangazi kuelekea mvua za vuli. Banda lililokuwa na kuku ishirini mwezi wa nane linaweza kubaki na watatu mwezi wa kumi na moja. Kwa hiyo Krismasi ilizikuta nyumba nyingi zikiwa na kuku wachache mno. Chanjo ya I-2 imepunguza msiba huo. Ni tone moja jichoni, hurudiwa kila baada ya miezi mitatu, na dawa yenyewe huvumilia joto la vijiji visivyo na jokofu. Lakini mazoea ya kupika kuku mmoja kwa ajili ya watu wengi yalijengeka muda mrefu kabla ya tone hilo.

Viungo vilivyopanda kutoka pwani

Wazo la kumjaza ndege tumbo kabla ya kumpika ni la kale. Warumi walilijua. Wapishi wa Baghdad wa karne ya 10 walijaza ndege, na hata waliponing'iniza kuku ndani ya tanuri walitandika chini yake mkate mtamu uliolowekwa, ili mafuta yote yadondokee humo. Wamisri mpaka leo hujaza njiwa kwa nafaka. Ndiyo hekima ileile: ndege mdogo ana ladha nyingi kuliko nyama, basi ladha hiyo itafutiwe kitu cha kuinywa.

Katika pwani yetu kitu hicho kikawa wali, mayai ya kuchemsha, vitunguu, zabibu kavu na viungo. Oman na Zanzibar zilikuwa chini ya dola moja hadi katikati ya karne ya 19, na majiko yao yalizungumza. Kutoka pwani barabara ilielekea bara, nayo ilipita chini ya Uluguru. Msafiri Stanley alipofika mwaka 1871 alikuta mji wenye ukuta wa mawe na minara, Simbamwene, ulioanzishwa na Kisabengo, Mzigua, na wakati huo ukitawaliwa na binti yake. Misafara ilipumzika hapo na kununua chakula kwa vitambaa vya merikani na shanga. Kuku alikuwa bidhaa bora kwa biashara hiyo, kwa kuwa anabebeka, anauzika akiwa hai, na haozi njiani.

Baadaye viungo vyenyewe vikaota mizizi mlimani. Leo mdalasini, pilipili manga, karafuu na iliki hulimwa Kinole, Tawa na Mkuyuni, upande wa mashariki unaopata mvua zinazotoka baharini. Upande wa pili, Mgeta, hutoa viazi, karoti na njegere. Mchele hutoka mabondeni, Kilombero na kwingineko. Anayesimama Soko Kuu la Chifu Kingalu asubuhi ya mkesha anaweza kununua mjazo mzima bila kitu hata kimoja kutoka nje ya mkoa.

Reli, misheni na bweni

Kuku wa pwani alijazwa, lakini mara nyingi alipikwa ndani ya chungu. Kuku wa kuokwa, aliyeletwa mezani mzima na kukatwa mbele ya walaji, ana ukoo mwingine. Mapadri wa Roho Mtakatifu walifungua misheni yao Bagamoyo mwaka 1868, wakaingia bara hadi Mhonda mwaka 1877, na kabla karne haijaisha walikuwa Morogoro na Matombo. Reli iliyoanza kujengwa Dar es Salaam mwaka 1905 ilifika Morogoro mwaka 1907, ikaleta maofisa wa Kijerumani, wenye mashamba ya mkonge, na wafanyabiashara wa Kihindi wenye samli na bizari. Katika nyumba za wageni hao wapishi Waafrika walijifunza kupima joto la oveni kwa kiganja, na elimu hiyo wakarudi nayo nyumbani.

Kilakala yenyewe ilipata mlango wa pekee. Mwishoni mwa miaka ya 1950 masista wa Maryknoll, shirika la Marekani, waliendesha hapa shule ya wasichana ya Marian College. Baada ya Sheria ya Elimu ya 1969 kuziweka shule za mashirika ya dini mikononi mwa serikali, ikawa Shule ya Sekondari ya Wasichana Kilakala. Wasichana walitoka kila pembe ya nchi. Katika shule za wasichana za enzi hizo somo la sayansikimu liliingiza kijiko cha kipimo, saa ya ukutani na meza iliyopangwa, na msichana aliyerudi likizo alirudi na daftari la mapishi.

Miaka hiyohiyo ya 1950 huko Marekani, Jacques na Alphonsine Makowsky wa jimbo la Connecticut walikuwa wanapata umaarufu kwa kuku mdogo wa Cornish aliyezalishwa ili atoshe sahani moja. Kila mlaji awe na ndege wake, na mjazo wake ndani. Weka picha hiyo kando ya beseni la mwenyeji wangu. Kule mjazo ulikuwa pambo la mtu mmoja. Huku mjazo ndio chakula, na ndege mmoja huwalisha watu sita.

Moto juu, moto chini

Oveni si kila nyumba inayo, lakini kuoka kunawezekana. Kuku wa kienyeji ana nyama ngumu, kwa hiyo mwenyeji wangu alichagua pora, jogoo kijana ambaye hajaanza kuwika, na mtetea mmoja ambaye hajataga. Aliwachemsha kwanza kwa tangawizi, kitunguu saumu na limau hadi nyama ilipolegea bila kuachia mfupa. Mjazo aliupika kando: wali uliokaribia kuiva, njegere, karoti, maini na firigisi, mdalasini uliotwangwa palepale, na yai la kuchemsha moja kwa kila kuku. Kuupika kwanza ni jambo la usalama pia. Moto wa mkaa hauna kipimo, na mjazo mbichi katikati ya ndege unaweza kubaki vuguvugu wakati ngozi imeshaungua.

Akawajaza bila kushindilia, kwa sababu wali bado una safari ya kufura. Tundu akalifunga kwa vijiti vya chelewa, miguu akaifunga kwa uzi. Akawapaka samli na pilipili manga, akawalaza kwenye sufuria nzito juu ya mkaa mchache, akafunika, na juu ya mfuniko akapanga makaa mengi zaidi ya yale ya chini. Ni mbinu ileile ya kuokea mkate wa sinia. Kila baada ya muda alipepea makaa ya juu, akainua mfuniko kwa koleo na kusikiliza. Mlio wa mafuta ulipobadilika kutoka kuchemka hadi kutatarika, alijua ngozi imeanza kukauka.

Mgawo

Sasa turudi kwenye firigisi. Katika nyumba nyingi za Tanzania ilikuwa ya baba, au ya mgeni anayeheshimiwa. Katika jamii kadhaa wanawake hawakula kuku wala mayai kabisa, ingawa wao ndio waliofuga na kupika. Kwa Waluguru, ambao ukoo wao hufuata upande wa mama, mezani kuna mkubwa mwingine: mjomba. Anapofika siku ya sikukuu firigisi inakuwa kesi ndogo, na kesi hiyo humalizwa kwa utani.

Mjazo unaifuta kesi kwa sababu unachanganya vyeo. Maini, firigisi, mafuta ya mgongoni, vyote vinaingia kwenye wali mmoja, na kijiko hakichagui. Unavuka hata mipaka ya dini. Pora na mtetea wa Kilakala walichinjwa na kijana Mwislamu wa jirani, ili sahani itakayopelekwa kwao iliwe bila wasiwasi. Hivyo ndivyo majirani wengi hapa wanavyofanya, na sahani hurudi siku ya Idi ikiwa na pilau. Desemba 2000 Krismasi iliangukia siku za mwisho za Ramadhani, na Idi ikafuata siku chache baadaye, sahani zikapishana ndani ya wiki moja.

Mchana ule tulikaa kumi na mmoja, wengine mkekani. Mwenyeji wangu alikata uzi, akatoa mjazo kwa upawa, akaugawa kabla ya kugusa mapaja. Mjomba aliangalia sahani yake, akaigeuza kidogo.

“Firigisi yangu iko wapi?”

“Imo humo, mjomba. Tafuta.”

Akachokonoa wali kwa kijiko, akapata kipande kimoja, chembamba kuliko ukucha. “Kumbe mmeshanirithi ningali hai,” alisema, na mkeka mzima ukaangua kicheko. Kisha akasogeza sahani mbele, akaomba aongezwe mjazo.