Mtunzi Asiyeonekana

Somo letu la leo ni la historia. Tutazungumza habari za mtunzi wa muziki wa sinema, televisheni na michezo ya kompyuta.

Mtu akitazama sinema, huwaona wachezaji. Mtunzi wa muziki haonekani. Yeye huziangalia picha, huhesabu sekunde za kila tukio, kisha hutunga muziki unaolingana nazo: wa hofu, wa furaha au wa msiba. Jina lake huandikwa mwishoni, watu wakiwa wanainuka kwenda zao.

Mtunzi mmoja wa namna hiyo ni Bwana Christopher Tin wa Marekani. Alizaliwa mwaka 1976 katika jimbo la California. Alisoma Chuo Kikuu cha Stanford, kisha akajifunza muziki mjini London. Huko Stanford alikaa chumba kimoja na Bwana Soren Johnson. Baadaye Bwana Johnson akawa mtengenezaji mkuu wa mchezo wa kompyuta uitwao Civilization IV, akamwomba rafiki yake autungie wimbo wa kufungulia. Mchezo ulitoka mwaka 2005.

Wimbo huo unaitwa "Baba Yetu". Ni sala ileile tunayoijua, kwa Kiswahili. Maneno yalipangwa na Bwana Chris Kiagiri, na kundi la waimbaji la Talisman la Stanford likauimba. Mwaka 2009 Bwana Tin aliutia katika santuri yake, Calling All Dawns, ukiimbwa na kwaya ya Soweto Gospel Choir kutoka Afrika Kusini. Mwezi wa Februari 2011 ulipata tuzo ya Grammy. Ulikuwa muziki wa kwanza uliotungwa kwa ajili ya mchezo wa kompyuta kupata tuzo hiyo.

Sasa fikirini. Sala ya Baba Yetu si mali ya mtu mmoja. Kila mtu aweza kuisali na kuiimba. Lakini tuni hii ni ya Bwana Tin, kwa kuwa yeye ndiye aliyeitunga, na jina lake limeandikwa.

Je, nyimbo za walimu wetu wa kwaya? Wimbo waweza kutoka Mbinga ukafika Songea, na huko asiwepo amjuaye mtunzi. Kesho ukitiwa katika filamu, nani atalipwa? Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999 iliweka ulinzi kwa mtunzi maisha yake yote, na miaka 50 baada ya kufa kwake, ili warithi wake nao wafaidi. Lakini penye ubishi panatakiwa ushahidi, na karatasi ni shahidi asiyesahau.

Zoezi: Chukueni daftari. Andikeni wimbo mmoja uliotungwa kijijini kwenu. Mstari wa kwanza, jina la wimbo. Wa pili, jina la mtunzi. Wa tatu, mwaka uliotungwa. Kama hamjui, mwulizeni mwenyewe angali hai.

Kwaherini mpaka somo lijalo.