Filamu za fantasia za India

Filamu za fantasia za India ni filamu zinazosimulia miujiza, uchawi na viumbe wasiokuwapo duniani. Zilichipuka kutoka visa vya miungu. Dadasaheb Phalke alitoa *Raja Harishchandra* mwaka 1913, na katika *Kaliya Mardan* (1919) binti yake, Mandakini, aliigiza mungu Krishna akiwa mtoto, akipambana na joka la mtoni. Baadaye Homi Wadia wa Bombay akachota hadithi za Alfu Lela Ulela.

Kilele cha enzi ya kabla ya kompyuta ni *Mayabazar* (1957) ya K. V. Reddy, iliyotengenezwa kwa Kitelugu na Kitamil. Katika onyesho moja, jitu Ghatotkacha anakula karamu ya harusi. Vyakula vinaruka vyenyewe hadi kinywani mwake. Mpigapicha Marcus Bartley alifanya maajabu hayo kwa kamera tu, bila kompyuta, na bado yanapendeza.

Kompyuta zilipoingia, S. S. Rajamouli alitoa *Eega* (2012), ambamo kijana aliyeuawa anazaliwa upya akiwa nzi na kulipiza kisasi, kisha *Baahubali* (2015 na 2017). Mwaka 2024, *Kalki 2898 AD* ilimpeleka Ashwatthama, shujaa wa utenzi wa kale wa Mahabharata, katika zama zijazo. Aliigizwa na Amitabh Bachchan.