Wazee wa Keya: Walivuka Bahari Kupigana Bama, Je, Walirudi na Nini?

Wadau, leo tupumzike kidogo na habari za mastaa, tuwakumbuke watu ambao majina yao hayajulikani kabisa. Ukikaa na wazee wa Tanzania, Kenya au Uganda huwezi kukosa kusikia neno "keya". Keya ni KAR, yaani King's African Rifles, jeshi la Mwingereza lililojaa vijana wa kwetu. Na neno lingine linalofuata hapo ni "Bama", yaani Burma, nchi ambayo leo inaitwa Myanmar.

Hivi unajua ni wangapi walichukuliwa? Katika Vita Kuu ya Pili, Kenya ilitoa karibu watu laki moja, Tanganyika zaidi ya 80,000 na Uganda zaidi ya 70,000. Wengine walijiandikisha wenyewe kwa sababu ya mshahara, wengine chifu alipewa idadi akapeleka vijana, hapakuwa na cha kubisha. Walianza na Waitaliano kule Ethiopia mwaka 1941, wakaenda Madagaska mwaka 1942, halafu ndio wakavushwa kwenda Asia.

Safari yenyewe ilikuwa ya mauti. Tarehe 12 Februari 1944, meli ya Khedive Ismail, iliyotoka Mombasa kwenda Colombo, ilipigwa na nyambizi ya Japani karibu na visiwa vya Maldivi. Ndani yake kulikuwa na kikosi cha mizinga cha Afrika Mashariki. Ilizama kwa muda wa dakika mbili hivi. Nyambizi ikajificha chini ya watu waliokuwa wanaelea, na manowari za Kiingereza zikaangusha mabomu hapohapo ili kuikamata. Walikufa zaidi ya watu 1,200, wakapona 200 na kidogo tu. Huo ni msiba mkubwa kuliko mingi tunayoikumbuka kila mwaka, lakini muulize mwanafunzi yeyote leo kama amewahi kuusikia!

Waliofika salama, wa Divisheni ya 11 yenye alama ya kifaru begani, walipewa kazi ya kuwafukuza Wajapani katika Bonde la Kabaw. Ilikuwa Agosti 1944, masika ya kule. Mvua haikatiki, barabara ni tope tupu, malaria nayo inasumbua. Walimezeshwa vidonge vya mepakrini kila siku mpaka ngozi ikageuka manjano. Chakula kilidondoshwa na ndege. Hata hivyo walisonga mbele, na tarehe 2 Desemba 1944 wakaingia Kalewa, kando ya mto Chindwin. Hapo likajengwa daraja la chuma la karibu mita 350, jeshi zima likavuka. Wakubwa wa Uingereza walikuwa na wasiwasi kama Mwafrika ataweza kupigana na Mjapani porini. Jibu walilipata.

Sasa tuje kwenye malipo, maana hapa ndipo penye uchungu. Vita vilipokwisha mwaka 1945, kila askari alipewa kiinua mgongo kulingana na miezi aliyotumika. Ila kiwango kilitegemea rangi. Mzungu alilipwa hadi mara tatu ya Mwafrika wa cheo hichohicho, aliyekuwa kwenye tope hilohilo. Na pale Kenya, Wazungu waliotoka vitani waliandaliwa mpango wa kupata mashamba. Askari mweusi alirudi kijijini na nishani yake, koti la jeshi na pesa zilizokwisha haraka.

Watu hupenda kusema kwamba wazee hawa ndio walioleta uhuru. Tusiongeze chumvi sana. Wengi wao walirudi wakanunua ng'ombe, wakalipa mahari, wakafungua vioski, wakawa madereva na walinzi. Lakini wapo waliobadilika kabisa. Waruhiu Itote, aliyejulikana baadaye kama Jenerali China wa Mau Mau, alipigana Bama, na katika kitabu chake cha mwaka 1967 alieleza jinsi mazungumzo na watu aliokutana nao Asia yalivyomfumbua macho. Ukishamwona Mzungu anaogopa, anaugua na kufa kama wewe, utamwitaje bwana tena?

Urithi wao upo mbele ya macho yetu, tunapita tu. Nairobi kuna soko la Burma, watu wanakwenda pale kununua nyama bila kufikiria jina. Dar es Salaam, kambi ya Lugalo zamani iliitwa Colito, jina la mahali nchini Ethiopia ambapo keya walipigana na Waitaliano mwaka 1941. Hapohapo ndipo maasi ya wanajeshi yalipoanzia Januari 1964, na kati ya madai yao yalikuwemo mishahara na maofisa wa Kiingereza kuendelea kuwaongoza. Malalamiko ya baba zao, miaka karibu 20 baadaye!

Hata Kiswahili kina deni kwao. Vijana wa makabila tofauti waliokutana kambini walilazimika kuelewana, wakaongea kile Kiswahili chao cha amri kilichoitwa Kikeya. Wenye lugha safi walikicheka, lakini kilifika mpaka vijiji ambavyo Kiswahili kilikuwa hakijazoeleka.

Waliobaki hai leo wanahesabika kwa vidole, na aliyekuwa na miaka 20 pale Kalewa sasa angekuwa amepita 100. Kwa hiyo mdau, kama nyumbani kuna sanduku la babu, usikubali litupwe kabla hujalifungua. Kile kidude chenye umbo la nyota chenye utepe uliofifia kinaweza kuwa nishani ya Bama. Kipige picha, muulize bibi au shangazi babu alisimulia nini, andika. Serikali iliyomtuma haikuandika mengi juu yake. Tusipoandika sisi, nani ataandika?