Mahame ya Mara: nani anasimamishiwa saa?

Wengi wetu tuliisikia hadithi ya watu wa pangoni tukiwa wadogo: vijana waliolala miaka 309, wakaamka wakidhani wamelala siku moja. Watu husimulia zaidi usingizi. Mimi huwa nauwazia mji. Umeletewa kipande cha zamani, kizima, kimesimama sokoni na fedha isiyotumika tena. Utakifanyaje? Mkoa wa Mara umewahi kujibu swali hilo, na zaidi ya mara moja.

Anza na jina Mwitongo. Ni pale Butiama, nyumbani kwa Mwalimu Nyerere. Itongo, kwa lugha za huko, ni mahali palipokuwa na mji wa mtu, ukahamwa. Kiswahili chetu husema mahame. Utalitambua kwa ua wa minyaa unaozunguka patupu, jiwe la kusagia lililozama ardhini, na makaburi. Mwitongo amezikwa Chifu Nyerere Burito, aliyefariki 1942. Mwanawe akazikwa hapo hapo Oktoba 1999, mwaka ule ule ilipofunguliwa makumbusho yake, iliyo chini ya Makumbusho ya Taifa. Kuna zawadi alizopewa, vitu alivyotumia, na mtu wa kukueleza kila kimoja. Hapo saa imesimamishwa kwa heshima, na kuna anayelipwa kuilinda.

Sasa toka getini, shika njia ya Bunda au rudi Musoma. Ukiuliza wazee wa njiani, watakuonyesha matongo mengine yasiyo na kibao. Novemba 1973 Mwalimu alitangaza kwamba kuishi vijijini ni amri, na mwisho wa 1976 kila mtu awe ameshahamia. Mara ilipata operesheni yake 1974. Watu waliacha nyumba, mashamba na makaburi ya baba zao, wakapangwa kwenye mistari ya kijiji kipya. Lengo lilikuwa shule, zahanati na maji, na lilikuwa la kweli: Novemba ya mwaka huo huo TANU ilikutana Musoma, ikatoa Azimio la Musoma lililoharakisha elimu ya msingi kwa wote. Lakini ukweli mwingine nao usimame. Mtu aliyejua vizuri kuliko wengi maana ya kuzikwa kwenye itongo la baba yake ndiye aliyewaamuru wenzake waache ya kwao.

Haya, watu hawasahau. Kufikia miaka ya themanini baadhi, hasa Arusha, walikuwa wanakwenda mahakamani kudai ardhi ya zamani. Serikali ikatunga sheria mwaka 1992 kuzima madai hayo. Kesi ya Akonaay ikafika Mahakama ya Rufani, ambayo mwaka 1994 ilisema haki ya kimila katika ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Ndipo ikaja Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999. Kifungu chake cha 15 kinataja tarehe kabisa: ardhi iliyogawiwa kwenye operesheni kati ya Januari mosi 1970 na Desemba 31, 1977 imegawiwa kihalali, na haki za waliokuwepo kabla zimefutika.

Msomaji wa riwaya atashtuka hapo. Miaka minane imekatwa kutoka kwenye kalenda na kufungwa, na sisi sote tunatakiwa tuishi kana kwamba kabla yake hapakuwa na mwenyewe. Hiyo ni kazi ya mtunzi. Siilaumu moja kwa moja, maana bila kifungu hicho kila shamba lingekuwa na wenyewe wawili, na aliyelima miaka 25 naye ana watoto. Ila tuiite kwa jina lake: mji umeamua pango lizibwe.

Kuna njia ya tatu, na iko jirani. Kutoka Bunda ukifuata barabara ya Kisorya unafika kwenye kivuko cha Ukerewe, kisiwa cha Aniceti Kitereza. Mwaka 1945 alimaliza riwaya kwa Kikerewe kuhusu Myombekere na Bugonoka, mke na mume wanaohangaika kupata mtoto. Ndani yake akaweka kilimo, pombe, dawa, matanga na namna wakwe wanavyoamkiana, maisha ya Wakerewe kabla ya wakoloni. Mswada ulikaa miaka 35. Akautafsiri mwenyewe kwa Kiswahili ndipo ukachapwa, 1980. Alifariki 1981, nakala hazijamfikia.

Kitereza hakuwa na mlinzi getini wala kifungu cha sheria. Lakini itongo lake ndilo unaloingia bila kiingilio, ukabishana na wenyeji, ukaona walivyokosea na walivyopatia. Mwitongo unamtunza mtu mmoja. Kifungu cha 15 kinawafuta wengi. Riwaya inawarudishia watu wa kawaida majina.

Mtu aliyekuwa na miaka 20 operesheni ilipopita Mara sasa ameshapita 70. Bado anakumbuka ua wa minyaa ulikuwa wa nani, walipelekwa wapi, na nini kilishindikana kubebwa. Kwa ardhi sheria imeshasema yake. Kwa simulizi bado hakuna aliyezuiwa kuandika, na wanaokumbuka wanapungua kila msimu wa mvua.