KUUSOMA MJI KWA MIGUU: MKATE, SOSEJI NA BIA ZA KRAKÓW

Somo la redio kwa madarasa ya watu wazima: Historia

Kaeni vizuri, mkaribie redio, na mwenye kalamu aishike.

Leo tutatembea. Safari yetu ni ya mbali, lakini haina nauli. Tutakwenda Ulaya, katika nchi ya Polandi, tukapite kwa miguu katika mji wa Kraków. Mwalimu, tafadhali liandike jina hilo ubaoni. Huandikwa Kraków, lakini wenyewe hulitamka Krakuf.

Pengine mmoja wenu atauliza: Polandi inatuhusu nini sisi? Swali hilo ni zuri. Watu wa Tengeru, karibu na Arusha, wanaweza kulijibu. Mwaka 1942, wakati wa Vita Kuu ya Pili, walifika hapo wakimbizi wa Kipolandi. Wengi wao walikuwa wanawake na watoto. Walikuwa wamefukuzwa makwao, wakapelekwa kwenye baridi ya Siberia, kisha wakapitia Iran hadi Afrika ya Mashariki. Kambi ya Tengeru ilikuwa na watu karibu 5,000, na Uganda zilikuwako kambi nyingine huko Masindi na Koja. Baadhi yao hawakurudi tena. Makaburi yao, karibu 150, yapo Tengeru hadi leo. Basi Wapolandi si wageni kabisa kwetu.

Sasa twende kwao. Katika Kraków iko kazi moja ya kuongoza wageni ambayo imeenea siku hizi. Kiongozi hukusanya kikundi kidogo cha watalii, akatembea nao mjini kwa saa kadhaa. Hawaendi kutazama makanisa na majumba ya wafalme tu. Husimama penye mchuuzi wa mkate, penye kibanda cha chakula, na penye baa ndogo inayouza bia za viwanda vidogo. Wanaonja, na huku wakila kiongozi huwaeleza habari za kile walichoshika mkononi. Kwa hiyo historia wanaitia mdomoni kabla ya kuitia kichwani.

Wako wasikilizaji ambao dini yao imewakataza pombe. Somo hili halimfundishi mtu kunywa. Tutaitazama bia kama kazi ya mikono, jinsi tunavyotazama uhunzi au ufinyanzi.

MKATE WA MVIRINGO

Tunaanzia kwenye uwanja mkubwa wa soko katikati ya mji. Uwanja huu ulipimwa mwaka 1257, na kila upande wake una urefu wa mita 200 hivi. Kila saa mpiga tarumbeta hupiga wimbo mfupi kutoka juu ya mnara wa kanisa la Mtakatifu Maria, na saa sita mchana redio ya Polandi huutangaza kwa nchi nzima. Imefanya hivyo tangu mwaka 1927.

Hapa uwanjani na katika njia za karibu mtaona vigari vidogo vya wachuuzi. Wanauza mkate wa mviringo wenye tundu katikati. Jina lake ni obwarzanek. Jina hilo limetokana na neno la Kipolandi lenye maana ya kuchemsha kidogo, nalo linaeleza kazi yenyewe. Mwokaji husokota kamba za unga uliokandwa, kama mtu asukavyo ukili, akaziunga kuwa duara. Kisha huzitumbukiza katika maji ya moto kabla ya kuzitia katika tanuri. Juu hunyunyiza chumvi, ufuta au mbegu za mpopi. Mkate huo hutakiwa kuliwa siku ile ile. Ukilala, umekuwa mgumu.

Hiki ni chakula cha mtu apitaye njiani, tena si cha bei kubwa. Hata hivyo kina maandishi mengi. Mwaka 1394 kilitajwa katika hesabu za matumizi ya nyumba ya mfalme. Mwaka 1496 Mfalme Jan Olbracht aliwapa waokaji wa Kraków hati, yaani ruhusa iliyoandikwa, kwamba wao peke yao ndio watakaouoka. Kwa miaka mingi mkate huo ulikuwa mali ya chama cha mafundi wale, na mtu wa nje hakuruhusiwa kuugusa. Mwaka 1802 amri ilibadilika: kila mwokaji alipata haki ya kuuoka kwa zamu, na zamu ilipatikana kwa kupiga kura. Na mwaka 2010 Umoja wa Ulaya uliliandika jina hilo katika daftari lake, hata mikate iokwayo mbali na Kraków haiwezi kuuzwa kwa jina la obwarzanek wa Kraków.

Tazameni basi. Kwa zaidi ya miaka 600 watu wameshindana juu ya mkate wa njiani: nani auoke, nani auuze, nani alitumie jina lake. Chakula cha maskini nacho kina sheria na historia yake.

SOKO LA KAZIMIERZ

Sasa tunakwenda kusini kidogo, mpaka mtaa uitwao Kazimierz. Hapo kale ulikuwa mji wa peke yake, ulioanzishwa na Mfalme Kazimierz mwaka 1335. Tangu mwaka 1495 Wayahudi wa Kraków walihamishiwa huko. Wakaoka, wakafanya biashara, wakajenga nyumba zao za ibada. Maandishi yao ya mwaka 1610 yanataja mkate wao wa mviringo, bajgiel, ambao ni ndugu wa obwarzanek. Wahamiaji waliuchukua mkate huo hadi Marekani, na leo unajulikana duniani kote.

Katikati ya uwanja wa Plac Nowy limesimama jengo la duara. Lilijengwa mwaka 1900 liwe soko. Baadaye Wayahudi walilitumia kuchinjia kuku kwa taratibu ya dini yao. Leo kuta zake zina vidirisha vingi, na kila kidirisha ni duka la chakula. Watu hupanga foleni kununua zapiekanka. Hii ni nusu ya mkate mrefu uliopasuliwa kwa urefu, ukatiwa uyoga na jibini, ukaokwa mpaka jibini iyeyuke.

Zapiekanka ilienea katika miaka ya 1970, wakati Polandi ikitawaliwa na chama cha Kikomunisti. Nyama ilikuwa haba. Mwaka 1976 serikali ilitoa kadi za mgawo wa sukari, na mwaka 1981 kadi za mgawo wa nyama. Kadi za nyama hazikuondolewa mpaka mwaka 1989. Mkate, uyoga na jibini vilikuwa rahisi kupatikana kuliko nyama. Basi mlo huu, ambao watalii wanaufurahia, ulikuwa njia ya watu kujisaidia katika shida.

Lakini kiongozi mwema hatawaacha wageni wake wale na kuondoka tu. Atawauliza: wako wapi wale waliokuwa wakinunua kuku hapa? Kabla ya vita Wayahudi wa Kraków walikuwa zaidi ya 60,000, karibu robo ya watu wote wa mji. Wajerumani wa Hitler waliiteka Polandi mwaka 1939. Mwezi wa Machi 1941 waliwafungia Wayahudi waliobaki mjini katika mtaa wenye ukuta, ng'ambo ya mto Wisła. Mwezi wa Machi 1943 waliuvunja mtaa huo. Wengi waliuawa pale pale au katika makambi. Jengo la duara lilibaki, wenye kulitumia hawakubaki. Mtu akila hapo bila kujua habari hiyo, ameshiba tumbo tu.

GARI LA BULUU

Mwaka 1989 utawala wa Kikomunisti ulianguka, na wananchi wakapata nafasi ya kufungua biashara zao. Wengi hawakuwa na fedha za kukodi duka. Mwaka 1991 gari la buluu aina ya Nysa, gari lililotengenezwa Polandi kwenyewe, lilianza kuegeshwa usiku karibu na soko la Hala Targowa. Wenye gari walichoma soseji kwa moto wa kuni, wakaziuza pamoja na kipande cha mkate na haradali. Biashara ile ndogo ikapata sifa hata nchi za nje. Mama lishe na wachoma mishikaki wetu wanaijua vizuri njia hiyo: anza na ulicho nacho, mahali watu wapitapo.

BIA ILIYOKUFA IKAFUFUKA

Mwisho kikundi huingia katika baa. Kwanza tueleze kazi yenyewe. Mnajua jinsi Wachaga wapikavyo mbege: kuna ndizi, na kuna kimea cha ulezi. Wapolandi hutumia kimea cha shayiri au cha ngano. Nafaka hulowekwa mpaka ichipue, kisha hukaushwa. Huchemshwa pamoja na maua machungu ya mmea uitwao hopi, halafu hutiwa chachu.

Magharibi ya nchi hiyo uko mji mdogo wa Grodzisk. Kwa karne nyingi watu wake walipika bia ya namna ya peke yake. Kimea chake kilikuwa cha ngano, nacho kilikaushwa kwa moshi wa mti wa mwaloni. Bia hiyo ilikuwa nyepesi, yenye povu jingi na harufu ya moshi. Iliuzwa hata nje ya nchi. Lakini mwaka 1993 kiwanda cha mwisho kilichokuwa kikiipika kilifungwa. Makampuni makubwa yalipendelea bia za namna moja, zipikwazo kwa wingi na kuuzwa upesi. Bia ya Grodzisk ikawa imekufa.

Je, ilikufa kweli? Walikuwako watu waliokuwa wakipika bia nyumbani kwa kupenda kazi hiyo. Waliungana. Wakatafuta maandishi ya zamani, wakazungumza na watu waliowahi kufanya kazi kiwandani, wakaitafuta na chachu inayofaa. Mwaka 2015 kiwanda cha Grodzisk kilifunguliwa tena. Katika muda huo huo viwanda vidogo viliongezeka nchini. Mwaka 2011 kampuni ndogo ya Pinta, ambayo haikuwa hata na kiwanda chake, ilikodi nafasi katika kiwanda cha wengine ikapika bia chungu yenye hopi nyingi. Watu waliipenda, na wapikaji wengine wakafuata mfano huo.

Kumbukeni jambo hili: bia ile ilirudi kwa sababu watu waliandika, na kwa sababu waliojua walikuwa bado hai wakaulizwa. Kama wangechelewa miaka 30 zaidi, pengine wasingepata wa kumwuliza.

FAIDA NA HASARA

Nisiwafiche upande wa pili. Wageni wengi huleta fedha, lakini huleta pia makelele. Watu wa Kraków walilalamika juu ya ulevi wa usiku. Tangu tarehe 1 Julai 2023 baraza la mji lilikataza maduka kuuza pombe kuanzia saa sita ya usiku hadi saa kumi na moja na nusu alfajiri. Kwa hiyo tofauti haiko katika chakula wala katika glasi. Iko kwa kiongozi. Mmoja huwapeleka wageni wakalewe, mwingine huwapeleka wakajue. Wote wawili hupita njia ile ile.

MANENO YA KUJIFUNZA

Hati: ruhusa au makubaliano yaliyoandikwa.
Kimea: nafaka iliyochipuzwa na kukaushwa.
Mgawo: sehemu ambayo kila mtu hupewa, asizidishe.
Mchuuzi: mtu auzaye vitu vidogo vidogo njiani.

MASWALI

1. Kwa nini mkate wa Kraków huchemshwa kidogo? Jina lake linatuambia nini?
2. Zapiekanka ilienea wakati gani, na kwa sababu gani?
3. Watu walifanya mambo gani matatu ili kuifufua bia ya Grodzisk?

KAZI YA NYUMBANI

Kila mmoja amtafute mzee mmoja, mwanamke au mwanamume, katika mji au kijiji chake. Amwulize: ulipokuwa kijana, chakula gani kiliuzwa njiani? Nani alikiuza, na kilitengenezwaje? Kisha aandike sentensi tano, na juu yake aweke jina la mahali na mwaka. Msiseme kwamba ni habari ndogo. Hata wale waokaji wa Kraków tunawajua leo kwa sababu mtu fulani, mwaka 1394, aliandika bei ya mkate katika daftari.

Mpaka somo lijalo, kwaherini.